Ndege zinapita juu ya Bafwasende, zitatua wapi?

Mvumo wa ndege kubwa unaposikika juu ya msitu wa Bafwasende, watoto hukimbia nje na wakubwa huinua macho. Sokoni watu hubishana: ni ya jeshi, ni ya Monusco, ni ya watu wa dhahabu. Kisha mvumo unapotea na kila mtu anarudi kwenye kazi yake.

Kwa familia zilizofika huku kwa kufuata barabara ya taifa nambari 4, zikikimbia mauaji upande wa Mambasa na Ituri, ubishi huo una uchungu wake. Kama dunia ina ndege za kubeba tani 20 au tani 40, kwa nini gunia la unga halifiki? Kwa nini mama aliyeshikwa na uchungu wa kuzaa usiku anafungwa nyuma ya pikipiki ili apelekwe hospitali, kwenye matope?

Swali hilo ni la haki. Jibu lake liko chini, kwenye udongo. Ndege ya mizigo humsaidia yule aliye na mahali pa kuitua. Historia ya ndege hizi ilipita Tshopo yenyewe, na inaonyesha wakaaji wadai nini, na nini kisiwadanganye.

Asubuhi ya 24 Novemba 1964

Wazee wa Kisangani hawajaisahau siku hiyo. Mji uliitwa bado Stanleyville. Tangu mwanzo wa Agosti mwaka ule ulikuwa mikononi mwa waasi wa Simba, na mamia ya wageni kutoka Ubelgiji, Marekani na nchi nyingine walikuwa wameshikwa mateka.

Saa 12 alfajiri, ndege 5 aina ya C-130 za jeshi la anga la Marekani zilitokea juu ya uwanja wa Simi-Simi na kuwarusha askari wa miavuli wa Ubelgiji wapatao 320. Waasi walikuwa wameziba njia ya kurukia kwa mapipa na magari. Askari waliyaondoa, na ndege nyingine zikatua. Lakini katikati ya mji, kabla askari hawajafika, mateka walikuwa wameanza kupigwa risasi barabarani. Daktari mmisionari wa Marekani, Paul Carlson, alikuwa mmoja wa waliokufa. Siku zilizofuata ndege ziliwatoa watu wapatao 2,000, wengi wao wageni.

Operesheni hiyo iliitwa Dragon Rouge, yaani Joka Jekundu. Tarehe 26 Novemba ikafuata ya pili, Dragon Noir, katika mji wa Paulis, ambao leo ni Isiro. Mpango ulikuwa na hatua mbili zaidi: moja Bunia, nyingine Watsa. Hizo zilifutwa. Askari walirudishwa Kamina, kisha Ulaya.

Wakati C-130 zinatua Paulis, Sista Anuarite Nengapeta alikuwa bado katika utawa wa Bafwabaka. Tarehe 29 Novemba waasi waliwapakia masista kwenye lori na kuwapeleka Isiro, mji uleule ambao ndege zilikuwa zimekwisha kuuacha. Huko aliuawa tarehe 1 Desemba. Mwaka 1985 Papa Yohane Paulo wa Pili alimtangaza mwenye heri mjini Kinshasa. Wakatoliki wengi wa Tshopo na Haut-Uélé wanaijua habari yake tangu katekisimu. Ni wachache wanaokumbuka kwamba siku 5 tu kabla ya kifo chake, ndege za uokozi zilikuwa Isiro.

Rubani hana lawama hapa, alifanya kazi aliyotumwa. Aliyemtuma alikuwa na orodha ya watu wa kuokolewa, na Wakongomani wengi hawakuwamo. Maelfu yao walikufa katika vita ile, wakiuawa na waasi au na waliokuja kuwafukuza waasi. Ndege ilikuwa nzuri. Orodha ndiyo ilikuwa fupi.

Ndege iliyotengenezwa kwa ajili ya matope

C-130, ambayo wengi huiita Hercules, inastahili kueleweka, maana hakuna ndege ya kijeshi ya mizigo iliyojulikana Kongo kuliko hiyo.

Vita ya Korea ilipoanza mwaka 1950, jeshi la Marekani liliona kwamba ndege zake nyingi za mizigo hazikufaa. Nyingine zilikuwa ndege za abiria zilizogeuzwa: mlango uko ubavuni, juu, na lori haliingii. Nyingine zilitaka njia ndefu ya lami. Mwaka 1951 jeshi likaomba ndege mpya. Kampuni ya Lockheed ikaitengeneza, na tarehe 23 Agosti 1954 Hercules ya kwanza ikaruka.

Siri yake ni ya fundi mwenye akili ya kawaida. Mabawa yamewekwa juu, ili mapanga ya injini yasiguse mawe na majani. Tumbo liko chini karibu na ardhi. Mkia unafunguka na kuwa ngazi pana, hivyo gari linaingia lenyewe kwa magurudumu yake. Magurudumu ya ndege ni mapana na yana upepo wa kiasi, hayazami upesi kwenye udongo. Injini 4 za turbini zinaipa nguvu ya kuruka baada ya mbio fupi. Inabeba yapata tani 20, au askari 92, au askari wa miavuli 64. Mwaka 1963 Wamarekani waliitua moja juu ya meli ya kubeba ndege, USS Forrestal, bila kebo ya kuikamata, ili kuona tu kama inawezekana. Iliwezekana.

Ndiyo maana Paulis ilifikiwa mwaka 1964. Kiwanja chake kilikuwa cha udongo, na ndege ilikuwa imetengenezwa kwa ajili ya udongo. Hadi leo Hercules bado inatengenezwa, na zimepita 2,500. Ndege nyingine za mwendo mkali zimekuja na kwenda makumbusho. Hii imebaki kwa sababu inatua pale ambapo watu wapo.

Mafuta angani: nguvu ya asiyetaka kuomba ruhusa

Kuna ndege ya aina nyingine ambayo vijana wa Kisangani huiona kwenye simu na kuishangaa: ndege inayojaza ndege nyingine mafuta zikiwa angani. Wapo wanaosema Kongo nayo ingepaswa kuwa nazo. Ni vizuri kuelewa zilizaliwa kwa ajili ya nini.

Jaribio la kwanza lilifanyika tarehe 27 Juni 1923, juu ya San Diego, Marekani. Ndege moja iliteremsha mpira wa maji kama wa bustani, mtu wa ndege ya chini akaudaka kwa mkono. Baada ya Vita Kuu ya Pili kazi ikawa ya kweli. Mwaka 1949 ndege ya mabomu iliyoitwa Lucky Lady II iliizunguka dunia yote kwa saa 94 bila kutua, ikijazwa mafuta mara 4 njiani. Mwaka 1956 ikaruka KC-135 ya kampuni ya Boeing, ambayo inaweza kugawa mafuta yapata tani 90. Nyingi bado zinafanya kazi, zikiwa na umri kuliko marubani wake. Njia ni mbili: ama bomba gumu linaloongozwa na mtu kutoka mkiani, ama mpira mrefu wenye kikapu mwishoni, na ndege yenye kiu inachomeka mrija wake humo.

Mwaka 1964 ndege za mizigo hazikuwa na mrija huo. Zilizowabeba Wabelgiji kutoka kituo cha Kleine-Brogel zilitua Hispania, kisha kisiwa cha Ascension katikati ya bahari ya Atlantiki, kisha Kamina, ndipo zikaruka kilomita 1,000 hivi hadi Stanleyville. Kila kituo kilihitaji ruhusa ya mwenye ardhi. Ascension ilikuwa ya Waingereza, na Waingereza walikubali.

Mwaka 1973, katika vita ya Israeli na Waarabu, Marekani ilitaka kupeleka silaha Israeli kwa ndege, lakini rafiki zake wengi wa Ulaya walikataa ndege hizo zisitue kwao. Ureno peke yake ilikubali, kwenye visiwa vya Azores. Somo lilieleweka: miaka michache baadaye ndege za mizigo aina ya C-141 zilirefushwa na kuwekewa mahali pa kupokelea mafuta angani. Ndege ya kujaza mafuta ni chombo cha taifa linalotaka kufika mbali bila kubisha hodi njiani.

Na chombo hicho kina gharama. Mwaka 1982 Waingereza walitaka kuupiga uwanja wa ndege wa Falkland wakitokea kisiwa kilekile cha Ascension, safari ya zaidi ya kilomita 12,000 kwenda na kurudi. Ili ndege 1 ya mabomu ifike, zilihitajika ndege 11 za kubeba mafuta, nyingine zikizijazia nyenzake ili hizo ziweze kuendelea. Kati ya mabomu 21, bomu 1 ndilo lililopiga njia ya kurukia.

Leo ndege za kazi mbili zimeongezeka. A400M ya Ulaya, iliyoruka mara ya kwanza mwaka 2009, inabeba hadi tani 37 na inaweza kugawa mafuta. KC-390 ya Brazili, iliyoruka mwaka 2015, inabeba tani 26 na kufanya kazi hiyo pia. Moroko ina KC-130, Aljeria ina Il-78 ya Kirusi. Hizo ni nchi zenye majangwa, bahari na majeshi ya anga ya siku nyingi. Kwa Kongo, ambayo taabu yake ni kutoka Kisangani kufika Opienge, ndege ya kujaza mafuta angani ni kofia ya gharama juu ya kichwa cha mtu asiye na viatu.

Kongo iliwahi kuwa nazo

Asidhani mtu kwamba Kongo haijawahi kumiliki ndege nzuri za mizigo. Wakati wa Mobutu, jeshi la anga la Zaire lilikuwa na C-130 zake na ndege za Buffalo kutoka Kanada. Askari wa Ufaransa walioruka kwa miavuli juu ya Kolwezi tarehe 19 Mei 1978 walipandia Kinshasa, na wengi wao waliruka kutoka C-130 za Zaire.

Buffalo ilikuwa karibu imetengenezwa kwa ajili ya nchi kama hii. Inabeba hadi tani 8 na inatosheka na mita mia chache za udongo. Kama zingetunzwa, zingekuwa zinatua Opienge, Wamba na Punia hadi leo. Lakini ndege haili hotuba. Inataka vipuri, mafuta, fundi anayelipwa mwisho wa mwezi, na rubani anayefanya mazoezi. Utawala wa Mobutu ulipoanguka mwaka 1997, nyingi ya ndege hizo zilikuwa zimekwisha kufa chini.

Baadaye ikaja miaka ya kukodi. Antonov na Ilyushin za zamani za Kisovieti zilijaa katika anga la Kongo, zikiendeshwa na wageni, zikibeba askari, mbuzi, pipa za mafuta na familia pamoja. Tarehe 8 Mei 2003, ndege ya Il-76 iliyokodiwa ilitoka Kinshasa kwenda Lubumbashi ikiwa imebeba askari, polisi, wake zao na watoto. Njiani mlango mkubwa wa nyuma ulifunguka angani, na watu wakavutwa nje gizani. Rubani alifaulu kuirudisha ndege Ndjili.

Il-76 ni ndege imara, iliyoanza kuruka mwaka 1971 na kusaidia watu wengi duniani. Lakini tumbo la mizigo si basi. Mtu anayeketi sakafuni bila mkanda na bila jina lake kwenye orodha anasafirishwa kama gunia, na akipotea hata kumhesabu ni shida. Familia za askari wa Kongo zilijifunza hilo kwa machozi.

Uwanja ndio unaoamua

Mwaka uleule wa 2003, vita ya Ituri ilipochacha, Umoja wa Ulaya ulituma askari Bunia katika operesheni iliyoitwa Artemis, kuanzia Juni hadi mwanzo wa Septemba. Nchi tajiri zilikuwa na ndege kubwa kupita kiasi. Lakini uwanja wa Bunia haukuweza kuzipokea. Mizigo ilishushwa Entebbe, Uganda, ikahamishiwa kwenye C-130 na Transall, ndipo ikavuka ziwa Albert kidogo kidogo. Wahandisi wa jeshi walilazimika kuutengeneza uwanja wakati ndege zinaendelea kutua. Ulaya yote, na utajiri wake wote, ilipimwa na ubora wa kipande kimoja cha ardhi Bunia.

Entebbe yenyewe ina kumbukumbu yake. Julai 1976 Waisraeli walituma huko C-130 zao 4 kuwatoa mateka, safari ya kilomita 4,000 hivi bila kujazwa mafuta angani. Wakati wa kurudi ziliteremka Nairobi kunywa mafuta. Hata operesheni inayosifiwa hivyo ilihitaji jirani mwenye uwanja na pampu.

Na mwishoni mwa Januari 2025, vita ilipoingia Goma, uwanja wa ndege wa mji huo ukafungwa. Ndege za misaada zilikuwepo. Dawa zilikuwepo. Mahali pa kutua ndipo palipokosekana, na mamia ya maelfu ya waliokimbia walilisikia pengo hilo tumboni.

Wakaaji wa Bafwasende wadai nini

Teritwari ya Bafwasende ni kubwa kuliko nchi ya Ubelgiji. Sehemu kubwa ni msitu. Barabara yake kuu ni RN4, ile inayotoka Kisangani kupita Bafwasende, Nia-Nia, Mambasa na Komanda hadi Beni. Mvua ikinyesha, malori hulala njiani. Wenye silaha wakiingia barabarani, hata pikipiki husimama. Katika hali hiyo, kudai ndege ni halali kabisa. Lakini dai liwe la akili.

La kwanza ni viwanja vidogo vya udongo. Misheni, makampuni ya madini na utawala wa zamani viliacha viwanja vya namna hiyo mahali pengi msituni, na vingi vimemezwa na majani. Kufyeka, kuchimba mifereji ya maji, kujaza mashimo kwa changarawe na kushindilia ni kazi ambayo vijana wa kijiji wanaiweza wakilipwa na kupewa vifaa. Ndege ndogo ya Cessna Caravan, inayobeba yapata tani 1, inatua kwenye kiwanja kisichofika kilomita moja. Tani 1 ni kidogo, lakini ikiwa ni dawa, maziwa ya watoto waliokonda na damu ya kuongezea wagonjwa, ni maisha ya watu wengi. Na ikirudi Kisangani haiendi tupu: inampeleka mama yule wa pikipiki.

La pili ni ndege za kiasi kwa jeshi lenyewe. Kenya, ambayo nayo ilitumia Buffalo kwa miaka mingi, ilizibadilisha kwa C-27J za Italia zinazobeba yapata tani 11. Hilo ni chaguo la nchi iliyopima mfuko wake na barabara zake. Kongo ikinunua, bajeti ya vipuri na mafunzo isainiwe siku moja na bajeti ya ndege. Wabunge wa Tshopo wanaweza kuuliza swali hilo bungeni: fundi wangapi, vipuri vya miaka mingapi?

La tatu ni sheria ya nani anapanda. Ndege ya jeshi inapokwenda mbele na chakula cha askari na kurudi tupu, majeruhi raia na wagonjwa wawe na nafasi inayojulikana, kwa orodha iliyoandikwa, kila mtu na mkanda wake. Isiwe ni nafasi ya anayemjua afande, wala ya mwenye dola mfukoni. Mwaka 1964 ulionyesha kwamba asiyeandikwa haokolewi, na mwaka 2003 ulionyesha kwamba asiyeandikwa hata haliliwi vizuri.

La nne, na pengine la kwanza kwa uzito, ni RN4 yenyewe. Shirika la Chakula Duniani, PAM, ambalo limemwaga chakula kwa ndege Sudan Kusini kwa miaka, limesema lenyewe kwamba kudondosha chakula kutoka angani kunaweza kugharimu hadi mara 7 kuliko kukipeleka kwa barabara. Hesabu hiyo haihitaji shule kubwa. Pesa inayoleta gunia 1 kwa ndege ingeleta magunia 7 kwa lori. Ndege ni ya dharura. Familia haiwezi kuishi kwa dharura miaka mitatu.

Majibu kwa wanaokataa

Wapo watakaosema: nchi iko vitani, ndege ni za kubeba askari na risasi, habari ya wagonjwa ingoje. Lakini kiwanja kinachopokea Caravan ya dawa kinaweza kurefushwa kupokea ndege ya askari, na njia ni ileile. Kikosi ambacho hakiwezi kuletewa chakula huanza kula kwa wakaaji, na kila kijiji kilichowahi kupokea askari wenye njaa kinajua maana yake. Kulisha askari kwa ndege na kulinda mashamba ya mihogo ya raia ni jambo moja.

Wapo wengine, na hoja yao ni nzito zaidi, watakaosema kwamba kiwanja msituni ni mlango wa wezi. Ni kweli kwamba mashariki mwa Kongo viwanja vya namna hiyo vimewahi kupitisha dhahabu nje na silaha ndani. Lakini kiwanja kilichosahauliwa ndicho kinachowafaa zaidi wezi. Kiwanja chenye daftari la kila ndege inayotua, kamati ya wakaaji, wakala wa usafiri wa anga na askari wanaolipwa kina macho. Daftari hilo lisomwe redioni kila mwisho wa juma: ndege gani ilitua, ilileta nini, ilichukua nini. Kama kuna ya kuficha, itajulikana nani anayekataa lisisomwe.

Na wapo waliochoka, ambao wanasema tu: serikali haitafanya. Labda. Lakini dai lisilo na umbo ni rahisi kulizima kwa ahadi. Dai la "tunataka misaada" hujibiwa kwa picha ya afisa akikabidhi magunia kumi. Dai la "kiwanja hiki, mita kadha, kifyekwe kabla ya mvua, na daftari likae kwa kamati hii" linataka jibu la ndiyo au hapana.

Familia zilizokimbilia Bafwasende zina sauti katika jambo hili kuliko zinavyofikiri. Zimepita barabara kwa miguu na zinajua daraja lipi limeoza na kijiji kipi kina uwanda mkavu. Mashirika ya raia yakikaa nazo jioni moja na kalamu, ramani ya mahitaji itapatikana bila mtaalamu kutoka mbali. Ipelekwe kwa msimamizi wa teritwari, kwa gavana wa Tshopo, kwa wabunge, kwa Monusco na kwa PAM, karatasi ileile, yenye majina ya mahali.

Mwaka 1964 ndege zilikuja na orodha iliyoandikwa mbali, na Bafwasende haikuwamo. Safari hii orodha iandikwe Bafwasende.